Vitabu kuhusu historia na ardhi ya Pemba: nianzie wapi?

MjukuuWaKonde

Assalaam alaykum, na wakubwa zangu shikamooni.

Mimi nimezaliwa na kukulia Dar es Salaam, lakini wazazi wangu wote wawili ni watu wa Konde, kaskazini mwa Pemba, na mwezi wa Aprili nilikwenda kule kwa hitima ya bibi yangu mzaa baba. Yalikuwa masika yenyewe. Katika siku saba nilizokaa, jua lilichungulia na kujificha, na njia ya kwenda makaburini ilikuwa imegeuka mfereji wa maji mekundu. Siku ya tano asubuhi, mvua ilipopumzika kidogo, ami yangu alinichukua tukateremka mpaka bonde la mpunga lililo nyuma ya nyumba, akasimama majini akiwa amekunja suruali, akaniambia kuwa babu wa babu yake alilima pale pale kabla ya kilima kilicho juu yetu kupandwa mkarafuu hata mmoja. Nilimwuliza hiyo ilikuwa miaka gani. Akanijibu kuwa yeye amepokea hivyo kwa wazee wake, na kwamba mimi niliyesoma ndiye ninayepaswa kumweleza miaka.

Swali hilo limenikaa moyoni. Nimepita kwenye maduka mawili ya vitabu hapa mjini, na kila nilipotaja Pemba nililetewa vitabu vya siasa: Mapinduzi, Muungano, vyama na chaguzi. Vitabu hivyo nimevisoma kiasi na sivikatai, lakini ninachokitafuta ni kisiwa chenyewe. Nataka kujua kwa nini pwani yake ya magharibi imekatwakatwa na hori nyingi namna ile (mikono ya bahari inayoingia nchi kavu), kwa nini mashariki kuna mawe na magharibi kuna udongo mzito, nani walijenga ile misikiti iliyobaki magofu porini, na watu waliishi kwa kula nini kabla ya karafuu. Ningependa vitabu vya Kiswahili, lakini vya Kiingereza pia nitavisoma. Nianze na kipi, na kipi nisikiamini moja kwa moja?

MwalimuMstaafuWete

Wa alaykum salaam, mwanangu, na Mwenyezi Mungu amrehemu bibi yako.

Nimefundisha jiografia kwa miaka mingi katika shule za hapa Pemba, na swali lako ni lile ambalo wanafunzi wangu waliniuliza kila mwaka nami sikuwa na kitabu kimoja cha kuwapa. Hakipo. Kuna vitabu vingi ambavyo kila kimoja kina kipande chake, na msomaji mwenyewe ndiye anayelazimika kuviunga.

Ukitaka kuanza na ardhi, jambo la kwanza la kulifahamu ni mkondo wa bahari uliopo kati yetu na Tanga. Kina cha maji kati ya Unguja na bara ni kifupi, na zamani bahari iliposhuka, Unguja ilikuwa sehemu ya bara na wanyama walivuka kwa miguu. Mkondo wa Pemba una kina cha mamia ya mita, kwa hiyo kisiwa chetu kimekaa peke yake kwa muda mrefu zaidi sana. Ndiyo sababu Unguja ilikuwa na chui na kima punju wake, na Pemba haikuwa nao (hao kima punju walioko msitu wa Ngezi waliletwa katika miaka ya 1970), lakini Pemba ina popo wake mkubwa, ninga wake, bundi wake mdogo na yule ndege mdogo aitwaye chozi, ambao hawapatikani popote pengine duniani. Mambo ya miamba yameandikwa katika ripoti ya Stockley ya mwaka 1928 kuhusu jiolojia ya Zanzibar, na ya ndege katika orodha ya Pakenham iliyochapishwa mwaka 1979. Hivi si vitabu vya kusoma kitandani. Ni vya kuwekwa karibu na kufunguliwa kila unapokuta jambo linalokusumbua.

Kitabu ambacho ningekupa mkononi kwanza ni cha Kapteni Craster, kilichotoka London mwaka 1913, kinachoitwa *Pemba, the Spice Island of Zanzibar*. Huyu alikuwa mpimaji wa jeshi la Uingereza aliyeletwa kuipima Pemba na kuichora ramani. Ninakupa huyu kwa sababu kazi yake ilimlazimu kuitembea ardhi: kupanda kila kilima ili aone kilima kinachofuata, kuvuka mabonde yenye tope, kuingia kwenye hori kwa mtumbwi. Mtu aliyetumwa kukusanya kodi huandika habari za watu waliomjia ofisini, lakini mpimaji huandika habari za mahali alipokanyaga, na ukiwa na ramani ya leo unaweza kumfuata karibu kila siku yake. Msome kwa hadhari lakini. Alikuwa mtu wa serikali ya kikoloni katika enzi zake, na anavyowasema Waswahili na Waarabu wakati mwingine kunaudhi. Mimi hupita hapo nikiwa na kalamu ya risasi, naweka alama, naendelea, kwa kuwa ninachokitaka kwake ni macho yake na si hukumu zake.

Baada yake soma cha Pearce cha mwaka 1920, *Zanzibar: The Island Metropolis of Eastern Africa*, hasa sehemu ya mwisho inayoeleza magofu ya Unguja na Pemba. Pearce alikuwa Mwingereza mkubwa wa serikali hapa Zanzibar, na aliyaona magofu ya Pujini, Ras Mkumbuu na Chwaka yakiwa bado yamesimama kuliko yalivyo sasa. Kisha soma cha Ingrams cha mwaka 1931, *Zanzibar: Its History and Its People*, ambacho kimekusanya mila, ngoma, vipimo na hadithi nyingi za wazee kuliko kingine chochote cha wakati ule. Humo na katika cha Pearce utakutana na Mkame Ndume wa Pujini, ambaye wazee wanasimulia kuwa alijenga kisima chenye ukuta katikati ili wake zake wawili wateke maji bila kuonana.

Nakala yangu ya Pearce niliipata kwa taabu nikiwa kijana, nikaiazimisha ofisi moja kwa ajili ya maonyesho ya historia, na masika yale paa la stoo lilivuja. Nilirudishiwa kitabu kilichovimba kama mkate uliolowa, kurasa zimeshikana, ukungu wa kijani umeota kwenye picha ya Ras Mkumbuu. Ninacho mpaka leo na sijaweza kukitupa.

FundiVigae

Mwalimu amesema vyema, na kwa Craster ninakubaliana naye kabisa. Kwa Pearce nitaongeza onyo kubwa zaidi.

Ndugu MjukuuWaKonde, nilipokuwa kijana niliwahi kuajiriwa kama kibarua katika uchimbaji wa mabaki ya kale kaskazini mwa Pemba, kazi yangu ikiwa kuchekecha udongo, na tangu hapo nimekuwa nikisoma kila kilichoandikwa nikipatacho. Pearce na wenzake wa enzi ile walikuja na jibu tayari, kwamba majengo ya mawe hayawezi kuwa yamejengwa na watu wa hapa, kwa hiyo lazima yalijengwa na wageni kutoka Uajemi au Uarabuni waliokuja wakatawala na kuondoka. Jibu hilo limerudiwa mno hata baadhi yetu tumelimeza. Uchimbaji wa miongo ya karibuni umeonyesha mambo mengine. Kule Tumbe, karibu na kwenu Konde, kulikuwa na mji mkubwa tangu karne ya 7 mpaka ya 10, mji wa nyumba za udongo na makuti, wenye watu waliofinyanga vyungu vyao wenyewe, waliotengeneza shanga, na waliofanya biashara na wageni wa kutoka ng'ambo ya bahari. Mawe yalikuja baadaye, jirani tu hapo Chwaka, kuanzia kama karne ya 11, na mji wenyewe ulikuwa wa watu wale wale wa Pwani. Waliofanya kazi hiyo ni Adria LaViolette na Jeffrey Fleisher pamoja na wenzao, na utazikuta habari zao kwa ufupi katika kitabu kikubwa cha mwaka 2018 kiitwacho *The Swahili World*, ambacho LaViolette alikihariri pamoja na Stephanie Wynne-Jones. Ni kizito na bei yake ni kubwa, lakini kila sura inajitegemea, kwa hiyo si lazima ukisome chote.

Sasa nije kwenye swali la ami yako, kwa sababu ndilo lililonifanya niandike. Kazi ya kuchekecha ilikuwa na mgogoro mmoja kila mvua iliponyesha: udongo wetu mwekundu ukilowa haupiti kwenye chekeche, unajifinyanga kuwa madonge. Siku kama hizo tulifanya kazi nyingine. Udongo uliotoka kwenye majiko na majalala ya kale ulitiwa kwenye pipa la maji na kukorogwa taratibu, na vitu vilivyoungua zamani, kwa kuwa ni vyepesi kama mkaa, vikaelea juu. Tulivichota kwa kitambaa laini na kuvianika kivulini. Nilioneshwa kwa kioo cha kukuzia punje moja nyeusi, ndogo kuliko ukucha wa mtoto mchanga, nikaambiwa huu ni mpunga uliodondoka jikoni kwa mtu miaka mia kadhaa iliyopita. Sikuweza kusema neno.

Mtafiti aliyezichunguza punje za namna hiyo kutoka Tumbe na Chwaka ni Sarah Walshaw, na makala yake ilitoka mwaka 2010 katika jarida la *World Archaeology*. Anaeleza kuwa katika karne za mwanzo watu wa Pemba walitegemea zaidi uwele, na mpunga ulikuwepo lakini kidogo, kisha baada ya mwaka 1000 hivi mpunga ukapanda mpaka ukawa ndio chakula kikuu, wakati ule ule ambapo miji ya mawe na misikiti ilikuwa inakua. Fikiria maana yake. Mpunga unataka maji yaliyosimama, unataka mabonde, unataka kazi ya watu wengi kwa pamoja, na unaliwa kwa heshima katika karamu. Mvua yetu na mabonde yetu vilikuwepo wakati wote, lakini watu ndio walioamua kuvigeuza kuwa mpunga. Kwa hiyo ukimrudia ami yako, mwambie kuwa mabonde ya Pemba yana historia ya mpunga ya karibu miaka elfu moja kabla ya mkarafuu. Yeye aliposema babu wa babu yake alikuwa anataja jana tu.

Na historia hiyo haikuishia kwenye mashimo ya wachimbaji. Wareno walipokaa Mombasa, chakula chao kwa sehemu kubwa kilitoka Pemba, na Wamazrui waliowafuata, ukoo wa Kiarabu uliotawala Mombasa, waliitegemea Pemba vivyo hivyo, mpaka Sayyid Said bin Sultan alipowanyang'anya kisiwa hiki katika miaka ya 1820. Ukikitazama kisiwa kwa upande huo, zile hori za magharibi ulizouliza zina maana ya pekee: chombo kinaingia na maji kujaa mpaka ndani kabisa ya nchi, kinapakia mchele karibu na bonde ulikolimwa, na kinatoka na maji kupwa. Wapimaji na wanajeshi waliziona hori kama kikwazo, lakini kwa mkulima wa mpunga zilikuwa barabara.

Kwa maandishi ya wasafiri wa kale tafuta mkusanyiko wa Freeman-Grenville wa mwaka 1962, *The East African Coast: Select Documents*. Humo yumo al-Masudi, aliyesafiri kutoka Qanbalu kwenda Oman mwaka 916. Wataalamu wengi wanaamini kuwa Qanbalu ilikuwa Pemba, na Ras Mkumbuu ndipo panapotajwa zaidi, ingawa mabaki yaliyoonekana juu ya ardhi pale ni ya karne za baadaye.

BintiWaShamba

Salaam kwenu nyote. Nimesoma kwa makini, na nina neno moja la kuwaambia kaka zangu na mwalimu wangu: mmemaliza mpunga na magofu, na watu waliopanda na kuchuma karafuu hamjawagusa.

Mimi ni mtoto wa wachumaji. Nyumbani kwetu, karibu na Mkoani, karafuu zikishachumwa na kuchambuliwa makonyo yake, zilianikwa kwenye majamvi uani, na kuanzia hapo kila mtu mzima na mtoto alikuwa mtumwa wa wingu. Mama alikuwa akipika huku ameupa mlango wa jiko mgongo nusu, ili aione anga ya upande wa bahari. Akisema "Hiyo!" tu, tulikuwa tunaacha sahani, tunakimbilia majamvi, wawili wawili, tunayakunja kutoka pembeni na kuyaburura mpaka ukumbini kabla ya tone la kwanza. Karafuu iliyolowa baada ya kuanza kukauka inapoteza rangi na kupoteza bei, na bei ile ndiyo ada ya shule. Harufu ya karafuu zilizorundikwa ndani ya nyumba usiku wa mvua, zikiwa bado zina joto la jua, ninaisikia mpaka leo nikifumba macho. Mvua hiyo hiyo inayolea mkarafuu ndiyo inayoharibu mavuno, na sijaona kitabu kinachoeleza jambo hili vizuri kuliko cha Tidbury cha mwaka 1949 kiitwacho *The Clove Tree*, ambacho ni cha kitaalamu lakini kimeandikwa na mtu aliyeukaa mkarafuu kwa karibu: udongo, mvua, magonjwa, uchumaji, ukaushaji, yote.

Ila mti haukujipanda. Mikarafuu ililetwa Zanzibar mwanzoni mwa karne ya 19, na kwa miaka mingi Unguja ndiyo iliyoongoza. Kisha mwezi Aprili 1872 kimbunga kikapiga Unguja na kung'oa sehemu kubwa ya mikarafuu yake, huku Pemba ikinusurika kwa kiasi kikubwa, na tangu hapo Pemba ndiyo iliyokuwa ghala ya karafuu za Zanzibar. Vilima vile ambavyo ami yako anasema havikuwa na mkarafuu, vingi vilifyekwa na kupandwa katika miaka hiyo, na waliofyeka na kupanda walikuwa kwa wingi watumwa walioletwa kutoka bara. Kwa hiyo ukiuliza nani alitengeneza sura ya Pemba tunayoiona leo, ile safu ya miti iliyopangwa kilimani juu ya bonde, jibu lina watu ambao majina yao hayapo kwenye kaburi lolote la mawe.

Kwa habari zao kuna vitabu viwili. Cha kwanza ni cha Frederick Cooper cha mwaka 1980, *From Slaves to Squatters*, kinachoeleza yaliyotokea Zanzibar na pwani ya Kenya baada ya utumwa kufutwa, nani alibaki na ardhi, nani alibaki na miti, na nani alibaki na mikono yake tu. Cha pili, ambacho ninakipenda zaidi, ni cha Elisabeth McMahon cha mwaka 2013, *Slavery and Emancipation in Islamic East Africa*, kwa sababu kinaihusu Pemba hasa. Amepekua kesi za mahakama, mirathi na barua za wamisionari wa Kikweka (Wakristo waitwao Quakers) waliofika Pemba mwaka 1897, mwaka ule ule ambao utumwa ulifutwa kisheria, na anafuatilia neno moja tunalolitumia kila siku, *heshima*, akionyesha lilivyobadilika: zamani likiwa mali ya waungwana wenye nguvu, kisha watumwa walioachwa huru wakalichukua wakalifanya la mtu mwenye mwenendo mwema, awe na nasaba au asiwe nayo. Nilipokisoma nilimkumbuka bibi yangu alivyokuwa akilisema neno hilo, na nilifunga kitabu kwa muda kabla ya kuendelea.

Ninajua kuwa baadhi ya familia hazipendi habari hizi ziguswe. Lakini mtu aliyetoka kuzika bibi yake na kuuliza nani alilima bonde lao anastahili kuambiwa yote.

MpembaWaMaskati

Assalaamu alaykum warahmatullah. Dada yangu BintiWaShamba, umesema haki, na mimi ambaye wazee wangu walikuwa upande wa wenye mashamba sina la kukupinga.

Nitaleta kitabu kimoja tu, lakini ndicho ambacho mimi ningemwanzishia kijana huyu, na mwalimu anisamehe kwa kumpinga katika utaratibu wake. Amesema angependa vitabu vya Kiswahili, na mpaka hapa tumemrundikia vya Kiingereza. Kipo kitabu cha *Kale ya Washairi wa Pemba: Kamange na Sarahani*, kilichokusanywa na Abdurrahman Saggaf Alawy na Ali Abdalla El-Maawy, kikahaririwa na Abdilatif Abdalla, na kuchapishwa na Mkuki na Nyota mwaka 2011. Kamange na Sarahani waliishi Pemba katika karne ya 19 na mwanzoni mwa karne ya 20, yaani walikuwa watu wazima wakati vilima vinajaa mikarafuu na wakati utumwa unafutwa. Walijibizana kwa mashairi, mmoja akifunga na mwingine akifungua, na katika mashairi yao kuna vyombo vya bahari, pepo, miti, mapenzi, mizaha, ugomvi na dua. Hawakuandika ili kumweleza mgeni Pemba ni nini. Walizungumza wao kwa wao.

Mimi niliondoka Pemba nikiwa mtoto wa kubebwa, na baba yangu alipokuwa akisoma mashairi ya namna hii hapa Maskati jioni, sisi watoto tulikuwa tukiuliza maana ya kila neno la tatu. Ndivyo nilivyojifunza kuwa kuna maneno ya mvua ambayo Kiswahili cha redio hakina nafasi nayo. Ukiona lugha inakushinda, usikate tamaa, kwani W. H. Whiteley aliandika mwaka 1958 kitabu kidogo kiitwacho *The Dialects and Verse of Pemba*, na Baraza la Kiswahili la Zanzibar limetoa kamusi ya Kipemba. Visome vikiwa wazi pamoja, shairi mkono huu na kamusi mkono ule.

Kwa riwaya, kumbuka kuwa Said Ahmed Mohamed amezaliwa Pemba mwaka 1947. Riwaya zake si vitabu vya historia, na sitaki uzisome kana kwamba ni ushahidi, lakini anayezaliwa kisiwani na kuandika kwa Kiswahili cha namna ile anakuachia sikioni jambo ambalo ripoti ya jiolojia haiwezi kukuachia.

MjukuuWaKonde

Sijui niwashukuru vipi. Nimesoma majibu haya mara tatu, na jana usiku nilimpigia ami simu nikamsomea yale ya FundiVigae kuhusu punje za mpunga. Alinyamaza kwa muda, kisha akaniuliza kama ule uwele nao ulikuwa unalimwa bondeni au juu. Sikuwa na jibu.

Nina maswali mawili ya ziada. Kwanza, vitabu hivi vya zamani ninaweza kuvipata wapi bila kununua kwa bei ya ng'ambo? Pili, ami ameniambia jambo ambalo sikulijua: katika kasha la marehemu bibi kuna karatasi mbili za shamba zilizoandikwa kwa herufi za Kiarabu, ambazo hakuna mtu nyumbani anayeweza kuzisoma. Anasema moja imeanza kulika pembeni. Je, karatasi kama hizo zina faida yoyote kwa historia, au ni mambo ya familia tu?

FundiVigae

Uwele haupendi miguu kukaa majini, kwa hiyo mwambie ami kuwa ulilimwa palipo pakavu, juu ya bonde au kwenye ardhi nyepesi. Swali lake ni la mtaalamu.

MwalimuMstaafuWete

Kuhusu kupatikana, Craster na Pearce vimekwisha muda wa haki za uchapishaji na vimepigwa picha ukurasa kwa ukurasa katika maktaba za mtandaoni, kwa hiyo utavisoma bure kwenye simu. Vya Ingrams, Tidbury na Whiteley jaribu maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, katika sehemu yake ya vitabu vya Afrika Mashariki, na ukifika Unguja nenda Nyaraka za Taifa pale Kilimani, ambako pia kuna ripoti na ramani za zamani za serikali. Ukiwa Pemba, ingia kwenye makumbusho ndani ya ngome ya Chake Chake, kisha tafuta mtu wa chombo akupeleke Ras Mkumbuu, lakini ngoja masika yaishe. Nenda asubuhi baada ya mvua ya usiku, kwa sababu ndipo vigae vinapochungulia kwenye udongo. Vitazame ukiviacha palepale.

Nakubali kusahihishwa na ndugu yetu wa Maskati. Anza na Kamange na Sarahani, kisha Craster.

BintiWaShamba

Kuhusu karatasi za bibi: McMahon alikijenga kitabu chake kwa mirathi na kesi za namna hiyo hiyo, kwa hiyo usiziite mambo ya familia tu. Karatasi ya shamba inaweza kutaja mpaka, kijito, mti, jirani na idadi ya mikarafuu, na pengine jina la mtu aliyefanya kazi pale.

Mwambie ami leo hii azitoe kwenye kasha. Asizitie kwenye mfuko wa nailoni, maana nailoni inafungia unyevu ndani na ukungu utazimaliza kabla ya masika mengine. Azilaze bapa kati ya karatasi nyeupe kavu, juu ya kabati, mbali na ukuta wa udongo na mbali na jiko, na asijaribu kuikunjua kwa nguvu ile iliyoanza kulika. Mpigie mtu mwenye simu nzuri azipige picha mbele na nyuma, mchana, kivulini, bila taa ya simu. Ukizipata picha, ziandikie tarehe na jina la bonde.

MpembaWaMaskati

Na ukishazipata, ukiridhia na ami akiridhia, nitafute faraghani. Mwandiko wa makadhi wa Pemba ninaujua kidogo, na baba yangu, ambaye macho bado anayo, anaujua zaidi yangu.